Yule jamaa anayekabidhi hela

Mi ni mtoto wa Moshi, na sisi watu wa Moshi tuna ugonjwa wetu mmoja, kitu chochote kikiandikwa Kilimanjaro lazima tusimame tukiangalie, iwe chupa ya maji, iwe bia, iwe ubavu wa basi. Kwa hiyo miaka kadhaa nyuma nilipokuta kwenye flashi ya mshkaji wangu muvi ya zamani inaitwa The Snows of Kilimanjaro, ya 1952, sikuuliza mara mbili, nikaihamishia kwenye laptopu, usiku nikajifungia geto nikasema leo naangalia nyumbani. Hamna cha nyumbani wala nini. Mlima unauona kwa kuibia ibia, muda mwingi ni Gregory Peck kalala kwenye kitanda cha kambi, mguu unaoza, homa imempanda, anawakumbuka wanawake wake wa Paris na Hispania huku tai wanamsubiri. Nimekuja kuangalia Kibo, naangalia kidonda.

Halafu kichekesho ni kwamba kwenye hadithi yenyewe aliyoiandika Hemingway yule jamaa anakufa, ila kwenye muvi wakamponya. Nilicheka peke yangu usiku ule, nikakumbuka kibanda umiza cha mtaani kwetu, tumebanana kwenye mabenchi kama dagaa, na kila mtu mkuu akipigwa risasi kuna mmoja kule nyuma lazima apige kelele "steringi hafi!" Kumbe Hollywood nao waliijua hiyo sheria zamani tu.

Sasa humo ndani, kwenye vipande vya Paris, kuna mtu alipita. Mfupi, nywele kazilaza nyuma, macho makubwa mazito kama ya mtu ambaye hajalala siku mbili ila hana ugomvi na mtu, na nyusi zinapanda zenyewe kabla hajafungua mdomo. Humo anaitwa Emile. Kapita, kaondoka, na mi nikabaki nimesimamisha muvi naangalia ukuta, huyu mzee nimemwona wapi mimi?

Ilinichukua kama wiki. Nilikuwa nafua, nakumbuka kabisa, mikono imejaa povu, ndo ikanijia: Casablanca! Yule anayemletea polisi hela zake! Muvi nyingine hiyo ya zamani. Nikaacha nguo kwenye beseni.

Anaitwa Marcel Dalio. Na kuanzia siku hiyo nimemfuatilia kama mtu anavyofuatilia deni.

Mtu atauliza kwa nini nimng'ang'anie mtu anayeonekana sekunde chache wakati Gregory Peck yupo. Ni kwa sababu na mimi niliwahi kuwa mtu wa sekunde chache. Kuna tamthilia moja ilipigwa hapa Dar, jina nalihifadhi, nilicheza mlinzi wa getini. Sentensi yangu ilikuwa "Bosi katoka, ila madamu yupo." Basi. Niliifanyia mazoezi siku tatu mbele ya kioo, nikaitamka kwa hasira, nikaitamka kwa usingizi, nikaitamka kama mtu anayejua siri ya humo ndani (maana nilijiambia huyu mlinzi lazima anajua kila kitu). Siku yenyewe tumefika lokesheni saa 12 asubuhi, sini yangu ikapigwa saa 3 usiku, katikati hapo ni wali maharage na kukaa chini ya mwembe. Makubaliano elfu 20. Nikapewa elfu 10, nyingine "tutakutumia kwenye simu", na mpaka leo simu iko wazi. Ilipokuja kuonyeshwa wameikata, imebaki "Bosi katoka" na mgongo wangu ukifungua geti. Tangu hapo mi kwenye muvi naangalia anayefungua geti. Steringi ataangaliwa na wengine, hana shida huyo.

Haya turudi kwa mzee.

Kazaliwa Paris, Novemba 1899, na jina la nyumbani ni Israel Moshe Blauschild, mtoto wa wahamiaji, Wayahudi waliotoka Romania. Dalio ni jina la kazi. Alisomea uigizaji Conservatoire ya Paris, miaka ya 1920 akawa anasugua jukwaani kwenye maonyesho ya nyimbo na vichekesho, halafu sinema yenye sauti ilipoingia na yeye akaingia nayo. Na pale mlangoni wakamkagua sura. Mfupi, mweusi wa nywele, macho yale. Steringi wa Ufaransa wakati ule alikuwa Jean Gabin, mabega mapana, sauti ya mtu wa kazi za mikono, mwanaume ambaye kila fundi pale Paris anajiona kwake. Dalio wakampa yaliyobaki, yani msaliti, mpelelezi, tapeli, mtu anayeongea huku anaangalia mlango. Kwenye Pépé le Moko ya 1937, kule Kasbah, mji mkongwe wa Algiers, Gabin ndo jambazi anayependwa na kila mtu, na Dalio ni L'Arbi, snichi. Sura yake inafanya kazi kabla hajaongea, ukimwona tu unashika mfuko.

Wafaransa wana jina lao la kazi hii, second rôle, yani mwenye nafasi ya pili, na kusema kweli wao waliiheshimu kuliko tunavyoiheshimu sisi. Miaka ile ya 1930 sinema yao ilijaa nyuso ambazo mtazamaji anazifahamu kama anavyomfahamu muuza mkate wake, akina Julien Carette, Saturnin Fabre, Noël Roquevert. Huwajui? Sawa tu, na mi nilikuwa siwajui. Kila mmoja ana sauti yake, ana mwendo wake, akitokea mlangoni ukumbi unachangamka. Ila kila mmoja pia ana boksi lake na hatoki humo, mwanajeshi mkorofi ni mwanajeshi mkorofi mpaka anastaafu. Boksi la Dalio lilikuwa mtu wa kutoaminika.

Aliyelivunja ni mwongozaji Jean Renoir, na alilivunja mara mbili.

Ya kwanza ni La Grande Illusion, 1937 hiyohiyo. Vita Kuu ya Kwanza, maofisa wa Kifaransa wametekwa na Wajerumani. Gabin ni Maréchal, mtu wa kawaida tu. Dalio ni Luteni Rosenthal, Myahudi, mtoto wa matajiri, anatumiwa vifurushi vya vyakula vizuri kutoka nyumbani na vyote anavimwaga mezani wanakula wote. Yani yule mwenye sura ya tapeli safari hii ndo mkarimu kuliko wote kambini, na hakuna anayetoa hotuba kuhusu jambo hilo, wanakula tu. Mbele huko yeye na Gabin wanatoroka, wanatembea usiku kwenye baridi, njaa, na Rosenthal anateguka kifundo cha mguu. Wanafika mahali hawawezi kuvumiliana tena. Maréchal anamlipukia, anamwambia wewe ni mzigo, na mi Wayahudi sijawahi kuwapenda. Rosenthal anamjibu kwamba umechelewa kidogo kugundua. Maréchal anaondoka zake.

Hapa naomba mtulie. Dalio anabaki amekaa juu ya jiwe, mguu umevimba, na anaanza kuimba. Ni wimbo wa watoto wa Kifaransa, wa meli ndogo iliyoishiwa chakula baharini. Anauimba kwa kupiga kelele, kwa hasira, huku machozi yako karibu, kama mtoto aliyeachwa njiani anayetaka kuonyesha hajali. Na Gabin kule anakokwenda naye anauimba wimbo uleule, anaushusha, anaushusha, mpaka unamfia mdomoni. Halafu kamera iko kwa Dalio, anajiinamia, na pembeni yake kwenye picha linaingia koti. Uso hauonyeshwi. Ni koti limesimama pale, na wewe unaelewa amerudi. Wanainuka, wanashikana, wanaendelea. Nimeirudia hiyo sini sijui mara ngapi na kila nikiirudia namwangalia yule aliyekaa. Kurudi ni kazi rahisi, unatembea tu. Yeye ilibidi aonyeshe kuachwa bila kusogea hata hatua moja.

Ya pili ni La Règle du jeu, 1939, na hapa Renoir alifanya kitu ambacho watu wa Paris walikiona ni matusi. Alimpa Dalio nafasi ya Robert de la Chesnaye, Marquis, bwana wa ukoo mkubwa, mwenye jumba la kifahari shambani, misitu ya kuwinda, watumishi kibao. Yule snichi wa Kasbah leo kavaa suti ya jioni anapokea wageni kwenye ngazi za kasri! Ndo alichokitaka Renoir, hakutaka Marquis wa kwenye kalenda.

Na hakuficha asili yake. Kuna sini ya jikoni, watumishi wako mezani wanakula na kumsengenya bosi, kama kawaida ya jikoni popote duniani, mmoja anaanza habari kwamba babu yake upande wa mama alikuwa Rosenthal, katoka Frankfurt moja kwa moja. Rosenthal! Jina lilelile la kwenye muvi ya kwanza, Renoir kalipachika pale makusudi. Mpishi mkuu anawasikiliza, halafu anatoa kisa cha saladi ya viazi. Anasema juzi bosi kamwita kamsema kwa sababu ya saladi, kwamba viazi lazima vimwagiwe divai nyeupe vikiwa bado vya moto kabisa vimetoka tu kwenye maji, na kumbe msaidizi wake hakufanya hivyo kwa sababu aliogopa kuungua vidole. Bosi kala mara moja tu kajua. Kwa mpishi kesi imeishia hapo, huyu ni bwana wa kweli, mengine hayamhusu. Mi nilivyoona hiyo nikamkumbuka bibi yangu na mtori, ukiponda ndizi zimeshapoa anajua kabla hajafikisha kijiko mdomoni.

Ila shoti yenyewe ni ya kinanda. La Chesnaye anakusanya vyombo vya muziki vinavyojipiga vyenyewe, midoli, ndege wa mashine, vitu vya hivyo, ana mke na hawara na bado kinachomsisimua ni springi na gurudumu. Usiku wa sherehe anapanda jukwaani kuwaonyesha wageni alichokipata, kinanda kikubwa cha tamasha, kina taa, kina sanamu zilizopakwa rangi zinazocheza zenyewe. Pazia linafunguliwa, muziki unalipuka, kamera inapita taratibu juu ya sanamu, moja, nyingine, taa, nyingine tena, halafu inafika mwisho wa kinanda na pale kasimama Dalio. Hasemi kitu. Uso unameremeta jasho, anajipangusa kwa leso, anatabasamu, anaogopa kutabasamu, anaangalia wageni kama wamependa, anajiona mjinga kwa kuwaangalia, na furaha inamzidi tena. Yote hayo kwenye sekunde chache. Kiburi na aibu vimekaa kwenye uso mmoja na hakuna anayempisha mwenzake. Renoir mwenyewe baadaye alisema huenda ndiyo shoti bora kuliko zote alizowahi kupiga, na kapiga nyingi yule mzee.

Nilipoiona mara ya kwanza nilisimama. Kweli kabisa, nilisimama geto peke yangu. Ndo uso nilioutafuta kwenye kioo siku tatu kwa ajili ya "Bosi katoka."

Kwa hiyo alikuwa na miaka 39 na ameshafika. Muvi imejaa watu wakubwa na yeye ndo mwenye nyumba. Nini kilitokea? Muvi ilitoka Julai 1939, ukumbi ukazomea. Wengine ilikuwa hawaelewi wacheke au wanune, wengine kiliwauma kuona Myahudi kavikwa cheo cha Marquis. Renoir akaikata, akaikata tena, haikusaidia. Oktoba mwaka huohuo, vita imeshaanza, serikali ikaipiga marufuku kwamba inavunja watu moyo. 1942 mabomu ya ndege yakaunguza maabara yenye negativu yake, yani mkanda wenyewe wa asili. Yani kazi pekee iliyomweka juu kabisa ilizomewa, ikakatwa, ikafungiwa, ikachomwa. Mpaka 1959 ndo watu wakaja kuiunga upya kutoka kwenye maboksi ya vipande, na leo ni katika muvi zinazosifiwa kuliko zote duniani. Lakini 1959 Dalio ana miaka karibu 60, umri wa kuitwa mzee kwenye skripti.

Juni 1940 Wajerumani wanaikaribia Paris. Dalio anaondoka na mke wake Madeleine Lebeau, mwigizaji pia, binti mdogo hajafika hata miaka 20. Wanakwenda mpaka Lisbon, kama wakimbizi wengine wote wenye bahati, wanasubiri makaratasi kama miezi miwili, wanapata viza za Chile, wanapanda meli ya Wareno inaitwa Quanza. Wanavuka Atlantiki, wanafika Mexico, wanaambiwa viza ni feki. Si wao tu, abiria kibao humo melini viza zao hazitambuliki. Umeshalipa, umeshavuka bahari nzima, umesimama bandarini na begi, afisa anageuza karatasi anakwambia hii siyo. Mwisho wakapata karatasi za muda za Canada, kutoka hapo wakafika Marekani.

Huku nyuma Paris, Wajerumani walichukua picha ya Dalio wakaitengenezea mabango. Lengo la bango ni kumwonyesha mwananchi Myahudi anafananaje. Fikiria, watu wa mjini kwako walikuwa wanakulipia tiketi wakuone, leo sura ileile imebandikwa ukutani ili mtu akikutana nayo mtaani ajue la kufanya. Familia yake iliyobaki iliishia kwenye kambi za Wanazi. Sina cha kuongeza hapo.

Hollywood wanamwona hivi: Mfaransa, Kiingereza cha lafudhi, mfupi. Anawafaa kwa wahudumu, wenye hoteli, mapolisi wa Kifaransa na wachezesha kamari. 1941 tu hapo, kwenye The Shanghai Gesture, kashawekwa kwenye gurudumu la kamari. Mwaka uliofuata wakamweka tena, na hili la pili ndo Casablanca.

Mnaijua habari yake, klabu ya Rick, wakimbizi wamejazana Morocco wanasubiri viza ya kwenda Lisbon. Sasa angalieni huu mchezo. Njia yenyewe wanayoililia wale watu wote kwenye muvi, kutoka kwa Wajerumani mpaka Lisbon mpaka Marekani, Dalio ameshaipita kwa miguu yake, na viza feki juu. Na si yeye peke yake, kati ya wote waliotajwa majina mwanzoni mwa muvi waliozaliwa Marekani ni watatu tu, Humphrey Bogart ambaye ndo Rick, Dooley Wilson anayepiga piano, na Joy Page. Anayecheza ofisa wa Kinazi, Conrad Veidt, ni Mjerumani aliyewakimbia Wanazi kwa sababu mke wake ni Myahudi. Studio ilikuwa imejaa watu ambao wangeweza kumsahihisha mwandishi. Dalio jina lake halikuandikwa kabisa.

Anacheza Emil (ndiyo, Emil, miaka 10 baadaye wanampa Emile, sijui waliishiwa majina ya Kifaransa). Kuna sini Bogart anamsaidia kijana wa Bulgaria ashinde ili apate hela ya kutorokea na mke wake, anamwambia weka kwenye 22, na Dalio kasimama kwenye gurudumu, anamtupia bosi jicho moja tu, dogo, na mpira unatua 22. Mara mbili. Baadaye Bogart anamuuliza biashara inaendaje leo, anajibu ni pungufu elfu kadhaa kuliko nilivyotegemea. Hatabasamu. Ila kuna kitu kinatetemeka pembeni ya mdomo, yule bwana wa kinanda yuko humo ndani bado.

Na ile kubwa. Wajerumani wanaimba wimbo wao kwenye klabu, watu wanawajibu na La Marseillaise, wimbo wa taifa wa Ufaransa, na kamera inaenda karibu kabisa na uso wa msichana anayelia huku anaimba. Yule msichana ni Madeleine Lebeau. Ni mke wa Dalio. Yale machozi watu wamebishana miaka na miaka kama ni ya kuigiza. Baada ya hapo mkuu wa polisi anapuliza filimbi, anafunga klabu, anaulizwa sababu, anasema nimeshtuka, nimeshtuka sana kugundua humu ndani kunachezwa kamari! Na nyuma yake anatokea jamaa mfupi na noti mkononi, "ushindi wako, mheshimiwa." Ukumbi unaangua kicheko. Miaka zaidi ya 80 watu wanacheka hapo, na utani wote unasimama juu ya mkono wa Dalio kufika kwa wakati. Akichelewa nusu sekunde umekufa. Akiwahi umekufa. Akitia mbwembwe, akikonyeza, akitaka na yeye aonekane, umekufa kabisa. Anakabidhi kama karani, kwa adabu, na anatoka kwenye picha.

Mkewe analia kwa ajili ya Ufaransa, halafu muda mfupi tu yeye anaingia kuleta kichekesho. Mwaka uleule Dalio akafungua kesi ya talaka. (Madeleine yeye alikuja kufariki 2016, wa mwisho kati ya waliotajwa majina kwenye ile muvi.)

Baada ya hapo ni kazi juu ya kazi, na hapa siwezi kuzipitia zote, ni zaidi ya 100 ukihesabu za pande zote mbili za bahari. Alicheza mwenye hoteli kule Martinique, na Bogart tena, kwenye To Have and Have Not. Alicheza Clemenceau kwenye Wilson, waziri mkuu mzima wa Ufaransa. Alirudi Ufaransa baada ya vita, akakuta nafasi ni za wahuni na wababe wa bandarini, akawa anavuka bahari huku na huku panapopatikana ugali. Kwenye muvi moja ya Marilyn Monroe ni hakimu. Kwenye Sabrina ni mzee wa heshima anayesoma upishi darasa moja na Audrey Hepburn, ndo anayemwambia kwamba mwanamke mwenye mapenzi ya raha anaunguza mapishi, na mwenye mapenzi ya majonzi anasahau kuwasha oveni. Tatu kati ya kazi zake zinatokana na Hemingway, ile ya Kilimanjaro ikiwemo. Hakuna aliyemwandikia kingine kama La Chesnaye. Mi hiyo inaniuma kuliko anavyoonekana kuumia yeye, maana hata kwenye hizo ndogo ndogo sijawahi kumkuta amelegea, sijawahi kumwona anafungua geti tu.

Vituko viwili siwezi kuviruka. Mwaka 1955 Wamarekani wakatengeneza Casablanca ya televisheni, ya vipindi, ikafa haraka. Dalio wakamwita. Safari hii wakampa nafasi ya kapteni wa polisi, yule anayepokea hela.

Cha pili ni 1973, Les Aventures de Rabbi Jacob, Louis de Funès ni tajiri mbaguzi anayewakimbia wauaji, anajibadilisha na kujifanya rabi, kiongozi wa dini wa Kiyahudi, aliyetoka New York. Ufaransa walikwenda kuiona watu zaidi ya milioni 7. De Funès mwenyewe alisota na vinafasi vidogo miaka mingi kabla hajawa steringi, kwa hiyo kuna kitu hapo. Sasa rabi wa kweli, Rabbi Jacob mwenyewe mwenye jina lake kwenye bango, ni nani? Ni Dalio, miaka 73, ndevu mpaka kifuani. Sura ileile waliyoibandika kwenye kuta za Paris miaka 30 nyuma imerudi mjini kwa ndege, wanaisubiri uwanjani, na Wafaransa wanaishangilia. Na bado jamani, muvi imeitwa kwa jina lake na steringi ni mwingine!

Alifariki Paris, Novemba 1983, siku chache kabla ya kufikisha miaka 84.

Mwezi uliopita nilikwenda Moshi, jioni umeme upo, nikamwekea mama Casablanca kwenye laptopu. Mama yangu anayo bado "Bosi katoka" yangu kwenye simu, sekunde nne, anawaonyesha watu wa jumuiya na anaisimamisha pale kwenye mgongo. Nikawa namtafsiria, huku nampa na habari za huyu mzee, meli, viza, mke. Ikafika ile sini. Binti analia, filimbi inapulizwa, kapteni anashtuka, jamaa analeta noti, katoka.

Mama kimya. Halafu ananiuliza, "Ndo huyo aliyerudishwa na viza kule bandarini?"

Nikamwambia ndo huyo.

"Na yule binti anayelia ni mkewe kweli?"

"Mkewe kweli."

Akavuta stuli karibu, akavaa miwani.

"Rudisha nyuma, baba. Sijamwona vizuri."